Kunyoa Bila Maiti

Majina ya watu wote wa habari hii ninayo. Ninayo na ya baba zao, na kwa wengi ninayo ya babu zao, maana hiyo ndiyo kazi yangu hapa Dzaleka, kambi ya wakimbizi ya Malawi. Mtu akifa, kabla hawajaanza kumfukia, ninasimama upande wa kichwa chake na kumtaja: fulani mwana wa fulani, mwana wa fulani, mpaka pale ukoo ulipotokea, iwe Fizi, iwe Uvira, iwe milima ya Burundi. Lakini hapa simtaji mtu. Jina ni heshima, na humu ndani wamo wengi ambao sina heshima ya kuwapa.

Nianze na mjukuu wangu wa kike, ambaye anapiga muziki unaoitwa panki.

Alizaliwa hapa hapa kambini. Mama yake, binti yangu, alikwenda kufua nguo za watu Kauma, Lilongwe, kisha akapata njia ya Afrika Kusini, na tangu hapo tunapata salamu zake kwa vinywa vya wapita njia. Mtoto akabaki kwangu. Alipokuwa mdogo nilimpeleka korali ya watoto kama kila mtu anavyopeleka wake, ili wakapigie kelele mahali pengine. Kiongozi wa korali, mwanaume mwenye sauti ya mbuzi aliyefungwa mbali na mama yake, alimwambia kwamba sauti yake ni ya ng'ombe. Kwa hiyo awe anafungua mdomo tu, asitoe kitu. Miaka yote ile mtoto alisimama mstari wa nyuma na kitenge chake cha korali, anafungua na kufunga mdomo kama samaki, na watu wanasema Bwana asifiwe. Mi nilijua haimbi. Nimemlea, mlio wake ninaujua.

Gitaa la kwanza alilitengeneza mwenyewe kwa bati la mafuta ya kupikia. Nyuzi alizitoa kwenye waya za breki za kabaza, zile baiskeli zinazobeba abiria. Ndiyo maana kuna wakati mtaani kwetu kabaza zilikuwa hazisimami vizuri. La umeme lilikuja baadaye, kutoka kwa mpigaji mmoja wa Kawale, kule Lilongwe, ambaye alikuwa ameokoka na kulichukia.

Wako watatu. Wa pili ni msichana Mrundi, anapiga ngoma. Warundi wana sheria yao kwamba mwanamke hapigi ngoma, basi wajomba zake walikuja kulalamika kwa baba yake, wanaume wazima ambao tangu waingie Malawi hawajapiga ngoma hata siku moja, wala jembe. Wa tatu ni binti wa mfanyabiashara wa vitenge, Waislamu wa Kindu. Anapiga lile gitaa lenye nyuzi nne, la sauti nzito, na analificha dukani katikati ya majora. Baba yake anauza duka zima kila siku na hajaliona. Ndivyo wanaume wanavyojua mali yao.

Mara ya kwanza nilipowasikia nyuma ya jiko langu, nilidhani wanabomoa.

"Ni muziki gani hii?" nikamuuliza mjukuu wangu.

"Iko panki, Koko," akasema. Koko ndiye bibi kwetu.

"Panki njo nini?"

"Ni muziki ya kukataa."

"Kukataa nini?"

"Yote."

"Na kuosha sahani? Basi we ulianza kuipiga zamani."

Wimbo wao mkubwa unaitwa Rudi Kesho. Una maneno mawili, hayo hayo. Hakuna mkimbizi ambaye hajaambiwa maneno hayo dirishani na mtu anayechokonoa meno. Mjukuu wangu anayapiga ukelele mpaka mishipa ya shingo inasimama, halafu wimbo unakatika ghafla, hata maji ya nsima, ugali wa huku, hayajashika moto. Nilimwambia wimbo wake haujaisha. Akasema, "Na mustari ya ku dirisha je, Koko, iliisha?"

Alikuja mzungu mmoja na kamera kuwachukua picha. Nikavaa kitenge changu cha sikukuu. Akanitazama, akamnong'oneza mkalimani, na mkalimani akaniuliza kwa aibu kama sina nguo nyingine, ya kila siku, iliyochakaa kidogo. Nikamwambia ninayo, lakini ile ninaivaa mbele ya watu ninaowaheshimu. Wasichana nao aliwataka wakae mbele ya ukuta wa udongo na kuongea juu ya matumaini. Walimpigia Rudi Kesho. Hakurudi.

Sasa nifike kwenye kichwa.

Kwetu, na kwa Warundi pia, mwanamke hanyoi hivi hivi. Ukifiwa na mzazi, au na aliyekulea, njo unanyolewa, na mtaa ukiona ngozi ya kichwa chako unajua kuna maiti. Huulizwi. Unaletewa kuni na unga.

Wiki ile nilikuwa nimelazwa hospitali, Dowa Boma. Presha ilipanda nikaanguka sokoni, wakanibeba, na simu yangu ikazima njiani. Mjukuu wangu niliyemwacha na nywele nilizomsuka kwa mikono yangu, alipotoka kuniona akaenda kwa wenzake, akanyoa pande zote mbili kwa wembe na kubakiza mstari katikati, umesimama kama upanga wa jogoo. Eti ndivyo wanavyofanya watu wa panki kule walikoanzia. Halafu wakafanya mazoezi mchana kutwa, mpaka sauti ikamkauka kabisa. Wakati wa kurudi nyumbani akaona haya, maana hata panki ina haya yake, akafunga kitambaa juu ya ule upanga. Zikabaki kuonekana pande tu, ngozi tupu.

Jirani yangu ni mama ambaye hajawahi kuona jambo akalisubiri limalize kutokea. Alimwona mtoto anakuja, kichwa kimenyolewa, na akamwuliza, "Koko anaendelea aje?" Mtoto akafungua mdomo, sauti haikutoka, akatikisa mkono. Jirani akatupa ungo na mchele wake chini na kuanza kulia kwa jina langu. Mtoto kusikia hivyo akadhani habari imetoka Dowa na kumfikia jirani kwanza. Akakaa chini pale pale kwenye mchele. Jirani alimwamini mtoto kwa kichwa, mtoto alimwamini jirani kwa kilio, na mimi nilikuwa Dowa ninakunywa uji.

Kesho yake nikaruhusiwa. Barabarani nikapanda kabaza, na tulipokaribia mtaa wetu yule kijana akasimama. Wamalawi wana adabu hiyo, penye msiba mtu haendeshi baiskeli, anaikokota. "Tsikani, agogo," akaniambia. "Kuli maliro." Yaani nishuke, kuna matanga. Nikashuka, nikakaza kitenge kiunoni, nikatembea kwa heshima kwenda kwenye matanga huku nikijiuliza ni nani. Nikaanza kumtafuta nyumba kwa nyumba, ili nipange majina yake mapema. Si huyu, yuko mlangoni anachambua mboga. Si yule, ninasikia anamtukana mume wake. Nilizipita nyumba zote na wafu wakaniishia. Ikabaki yangu.

Walikuwa wamejaa uwanjani. Turubai limefungwa kwenye paa langu, moto wa matanga unawaka kwa kuni nzuri ambazo nilipokuwa mzima hakuna aliyewahi kuniletea. Nikasimama nyuma ya ua wa nyasi. Mama mchungaji alikuwa analia bila maji. Aliniita mama yake mzazi wa pili, yeye ambaye Jumapili iliyopita alinihamisha benchi ili akae mgeni. Korali imevaa sare, inaimba polepole, na kinanda kinajipigia ngoma chenyewe huku mpigaji anajikuna.

Kisha mzee wa kanisa akashika mikrofoni asome maisha yangu. Aliyekuwa na kazi ya kutaja ndiye aliyekufa, kwa hiyo alikuwa huru. Akasema nilizaliwa Uvira. Uvira nilipita na mzigo kichwani. Akasema niliwapenda watu wote. Hilo nalo watu waliitikia Amina. Akanipa baba ambaye hakuwa baba yangu, mwuza dagaa mmoja wa Baraka ambaye mama yangu alikuwa hamsalimu, halafu akanipa na babu ambaye katika maisha yake hakuzaa hata mtoto mmoja. Nikajiona ninazikwa katika ukoo wa watu.

Na nyuma ya jiko kulikuwa na ile kelele. Mjukuu wangu alikuwa na gitaa lake peke yake. Sauti hana, basi alikuwa anapiga kitu kimoja tu, anapiga tena, anapiga tena, bila wimbo, kama mtu anayegonga mlango wa nyumba isiyo na mtu. Mzee wa kanisa akasema kwenye mikrofoni, "Mutu mumoja aende kuambia ule mutoto aache." Hakuna aliyekwenda. Mi muziki ule siupendi, na nitasema tena hapo mbele. Lakini katika uwanja mzima ule, mtu aliyefiwa alikuwa nyuma ya jiko.

Nikaingia uwanjani.

"Baba yangu si huyo," nikasema.

Wa kwanza kukimbia alikuwa mzee wa kanisa. Hakuiachia mikrofoni, kwa hiyo waya ulivuta bafle, spika nzima, ikamfuata inagonga mawe, na yeye kila ikigonga anaongeza mbio. Korali ilipita juu ya maharagwe. Jirani yangu alinikemea kwa jina la Yesu nirudi nilikotoka, nikamwambia nimetoka Dowa. Jioni alikuja kuchukua unga wake aliokuwa ameleta. Alisema kwa kuwa sijafa.

Mjukuu wangu alitokea nyuma ya jiko, akaniona. Hakupiga ukelele, hana wa kupiga. Alikuja akanishika mkono akaubonyeza, akaubonyeza tena juu zaidi, kama mtu anayechagua nyanya. Halafu akaenda kuweka maji ya chai. Ndipo nilipomfungua kitambaa, nikaona kilichokuwa juu ya kichwa chake, na mi pia nikakaa chini.

Wiki iliyofuata wazee wa kanisa wakaniita. Mzee yule alikuwa amepata mikrofoni nyingine ila hapo hakuihitaji.

"Mama, sisi tunakupenda," akasema. "Lakini mutoto yako alinyoa na maiti hakuna. Kunyoa bila maiti ni kuita maiti."

"Na ninyi mulilia bila maiti," nikamwambia. "Mulikula na maharagwe. Kati yetu nani aliita sana?"

Mzee mmoja wa nyuma alicheka, akafanya kama anakohoa. Mama mchungaji hakucheka.

"Tusifanye muchezo, Mama. Mutoto arudishe ile gitare. Aombe musamaha mbele ya bantu bote, arudi mu korali. Na ile Kawale banataka kwenda kupiga Jumamosi, mu nyumba ya pombe, asiende. Akienda, nyumba yenu haiko tena ya kanisa. Siku yako ya kweli ikifika, hatutakuja."

"Hata kwa maharagwe?"

"Hata."

Nilitoka pale ninatembea kama mtu aliyeshinda. Lakini sitajifanya jasiri, niliogopa. Kuna mzee mmoja tulimzika hapa ambaye hakuwa na kanisa. Walimpeleka kwa mkokoteni, vijana wenye haraka ya mpira. Nilikwenda peke yangu kumtaja, na nilipokuwa bado kwa babu yake wakaanza kutupa udongo juu ya sauti yangu. Mtu anayefukiwa katikati ya majina, kwetu tunasema hajafika. Wa kwake hawamjui, yeye hawajui, anakaa njiani. Nimewafikisha wengi katika kambi hii, wema na wajinga. Mimi nani angenifikisha? Wenye kanisa wangenipeleka kwa mwuza dagaa. Wasio na kanisa wangenipeleka kwa mkokoteni.

Nyumbani nilimkuta mjukuu wangu amelizungushia gitaa kitenge changu cha zamani, amelifunga kama maiti ya mtoto. Sauti ilikuwa imeanza kumrudia.

"Koko, nitaacha," akasema. "Balisha kuniambia vile balikuambia. Nitarudi mu korali."

"Utaimba?"

"Nitafungua mudomo."

Nikamwangalia. Upanga wa jogoo ulikuwa umelala upande mmoja. Sijui kwa nini jambo hilo lilinikasirisha kuliko mama mchungaji.

"Fungua ile kitu," nikamwambia. "Na kitenge yangu uikunje vizuri."

Jumamosi nilikwenda naye Kawale. Alikuwa amekwisha kutuombea ruhusa ya kutoka kambini, na kwenye yangu aliandika kwamba ninakwenda kuona jamaa. Hakudanganya.

Mahali penyewe ni ukumbi wa mabati nyuma ya soko, mchana, jua kali. Mwanaume mmoja mlangoni akaniuliza kwa Kichewa kama nimekuja kunywa. Nikamwambia nimekuja kusikiliza mjukuu, na kama ana adabu anitafutie mahali pa kukaa. Akaniletea kreti la chupa, akalipindua, akalifuta kwa shati lake. Nikaambiwa nikae mbali na bafle. Nikakaa nilipotaka.

Muziki wenyewe ni mbaya. Nimesikia mvua ya mawe juu ya mabati, ilikuwa na mpango zaidi. Vijana wanarukiana na kugongana vifua kama mbuzi waliokosa mchungaji, na nani aliwaambia kwamba hiyo ni kucheza, sijui. Wengine walikuwa wamejitoboa pua. Msichana Mrundi alizipiga zile ngoma kama ni vichwa vya wajomba zake, na yule wa Kindu amefunga mtandio wake vizuri, ametulia, kama anapima kitambaa.

Ikafika Rudi Kesho. Wamalawi hawakuelewa, wakasimama. Mjukuu wangu akawaambia kwa lugha yao, "Bwerani mawa." Nikaona nyuso zinabadilika. Kumbe nao wana madirisha yao. Ukumbi wote ukaanza kulia maneno hayo, na yule aliyeniletea kreti alikuwa anayalia kuliko wote, sijui aliambiwa wapi.

Ndipo nilipomwangalia mdomo. Ule mdomo uliofunguliwa bure miaka yote mstari wa nyuma. Alikuwa ameinua kidevu. Alivuta hewa chini kabisa tumboni, akaishika, akalitupa neno mbali lipite vichwa vya watu wa mbele na kumfikia wa mwisho, kisha akalikata kabla halijachoka. Hiyo si sauti ya ng'ombe. Hivyo ndivyo ninavyotaja mimi makaburini. Nilikuwa ninakwenda naye mgongoni alipokuwa bado ananyonya, na baadaye ninakwenda naye mkononi, ninadhani anachezea udongo. Kumbe alikuwa ananiibia.

Tuliporudi, Jumapili hiyo hiyo, nyumba yetu ilitangazwa kanisani kuwa imetengwa. Mzee wa kanisa alitusoma kwa jina, na jina alilikosea. Sikumsahihisha. Kiongozi wa korali akinipita njiani sasa ananiangalia kama maiti iliyokosa adabu ya kulala.

Mjukuu wangu nilimkalisha nyuma ya jiko.

"Nitakufundisha majina," nikamwambia. "Yangu, ya baba yangu, mpaka mwisho kule ziwani. Siku hiyo utasimama upande wa kichwa, na mutu asitupe udongo mpaka umalize."

"Na gitare?"

"Usiguse gitare mpaka umalize. Kisha fanya unachotaka, sitasikia."

Akaniomba nitaje yote kwanza asikie. Nikataja.

"Iko murefu, Koko. Kiitikio yake iko wapi?"

"Haina kiitikio. Iko watu tu."

Akaanza. Jina langu alilitaja vizuri. La baba yangu alilitupa mpaka kuku wakatawanyika. Kwa babu akayumba, na kwa baba wa babu akamtia mtu wa ukoo wa mama, ambaye angeshangaa sana kujikuta pale. Nikamwambia aanze upya. Akaanza upya, kwa sauti ile ile, kidevu juu, na safari hii alifika kwa babu akiwa na hewa bado tumboni.

Nyasi za ua zikatikisika. Alikuwa jirani yangu, mbio, kitambaa amekwisha kujifunga kichwani, bakuli la unga mkononi, macho tayari yamejaa.

"Nani?" akauliza. "Jamani, nani tena?"

Mjukuu wangu akafunga mdomo, akaniangalia mimi.

"Bado tunajifunza, mama," nikamwambia jirani. "Rudi kesho."